UCHAMBUZI: Sheria iliyohesabu vipuri vya bunduki na kusahau risasi

WAHENGA walinena kwamba uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti. Methali hiyo huwaonya wanaovutwa na sura ya kitu pasipo kuchunguza kilichomo ndani. Hata hivyo, inawafaa pia wale wanaokiogopa kitu kwa sura yake, kwani sura ikishabadilishwa hofu hupungua ilhali hatari hubaki pale pale.

Mfano mwafaka wa jambo hilo ni kipande kidogo cha chuma kinachosimama karibu na ncha ya mtutu wa AR-15, bunduki ambayo imezua mabishano makali nchini Marekani kwa zaidi ya miaka 30. Kipande hicho chenye umbo la pembetatu ndicho kilengeo cha mbele. Mpiga risasi hukilinganisha na kilengeo cha nyuma ili aipate shabaha yake.

Katika muundo wa asili, kipande hicho kina kazi zaidi ya moja. Ndani yake hupita sehemu ya gesi ya baruti ambayo hurudishwa nyuma kuusukuma mtambo, ili ganda la risasi iliyokwisha kulipuka litoke na risasi nyingine iingie. Chini yake pana kijino cha kufungia singe, kisu ambacho wanajeshi hupachika kwenye mtutu.

Kati ya mwaka 1994 na 2004, kijino hicho kilikuwa na uzito mkubwa mbele ya sheria ya Marekani. Bunduki iliyokuwa nacho ingeweza kuhesabiwa kuwa haramu. Kijino kikikatwa, pamoja na vipuri vingine vichache, bunduki hiyo hiyo iliingia dukani ikiwa halali.

Siku hizi nyingi za bunduki hizo huuzwa bila kile kilengeo cha pembetatu, kwa kuwa wanunuzi hupendelea darubini ndogo inayofungwa juu. Sura yake imebadilika sana. Kinachotoka katika mtutu wake ni kile kile.

Hapo ndipo penye swali ambalo Marekani haijalipatia jibu, na ambalo mataifa mengine, yakiwemo ya Afrika Mashariki, yalilijibu kwa njia tofauti. Je, sheria iiangalie bunduki kwa vipuri vinavyoonekana, au kwa kazi inayoweza kufanya?

CHIMBUKO LA MARUFUKU

Bunduki ya AR-15 ilibuniwa miaka ya 1950 na kampuni ya ArmaLite, ambayo jina lake ndilo asili ya herufi hizo mbili za mwanzo. Kampuni ya Colt ilinunua haki za muundo huo mwaka 1959. Jeshi la Marekani likapata bunduki ya M16, nao raia wakaanza kuuziwa AR-15 mwaka 1964.

Tofauti kuu baina ya hizo mbili imo ndani ya mtambo. M16 inaweza kumwaga risasi mfululizo maadamu kifyatulio kimebanwa. Ile ya raia ni ya nusu-otomatiki, yaani hujipakia yenyewe lakini hutoa risasi moja kila kifyatulio kinapobanwa. Hata hivyo, kidole chepesi huweza kumaliza magazini ya risasi 30 kwa muda mfupi mno.

Mnamo Januari 17, 1989, mtu mmoja aliyekuwa na bunduki ya nusu-otomatiki ya muundo wa AK alivamia uwanja wa shule ya msingi mjini Stockton, California. Aliwaua watoto watano na kujeruhi wengine wengi. Mwaka huo huo California ikawa jimbo la kwanza kupiga marufuku bunduki za aina hiyo, ikizitaja kwa majina.

Julai 1, 1993, watu wanane waliuawa katika jumba la ofisi mjini San Francisco. Seneta Dianne Feinstein alikuwa amewahi kuwa meya wa mji huo, wadhifa aliourithi baada ya meya George Moscone kuuawa kwa risasi mwaka 1978. Feinstein akawa mstari wa mbele kutaka sheria ya taifa zima.

Sheria hiyo ilitiwa saini na Rais Bill Clinton mnamo Septemba 13, 1994, ikiwa sehemu ya sheria pana ya kupambana na uhalifu. Ili ipite katika Bunge la Congress, waliyoiunga mkono walilazimika kukubali masharti mawili mazito. Mosi, ingefikia kikomo baada ya miaka 10. Pili, haingegusa bunduki wala magazini zilizokuwa tayari mikononi mwa raia.

HESABU YA VIPURI

Sheria ilitaja baadhi ya bunduki kwa majina. Kwa zile ambazo hazikutajwa, iliweka kipimo. Bunduki ya nusu-otomatiki yenye magazini ya kuchomoa ilihesabiwa kuwa haramu iwapo ilikuwa na angalau vitu viwili kati ya vitano.

Vitu hivyo vilikuwa kitako kinachokunjika au kusogezwa, mshikio unaojitokeza chini kama wa bastola, mahali pa kufungia singe, kizuia mwako kwenye ncha ya mtutu au nyuzi za kukifungia, na kirusha guruneti. Kilengeo cha mbele hakikuwemo katika orodha. Kilichohesabiwa ni kile kijino kilichoning'inia chini yake.

Wenye viwanda waliisoma sheria kwa makini kuliko wengi walioipigia kura. Walikata kijino cha singe, wakaondoa kizuia mwako na kuweka kitako kisichosogea. Mshikio wa bastola waliuacha, kwa sababu kitu kimoja peke yake hakikukatazwa.

Colt iliendelea kuuza bunduki za muundo huo kwa jina la Match Target. Kampuni ya Intratec, ambayo bastola yake maarufu ilikuwa imetajwa waziwazi katika sheria, ilitoa bastola nyingine iliyofanana nayo na kuipa jina la AB-10. Ilielezwa kuwa herufi hizo mbili zilimaanisha "baada ya marufuku". Kejeli iliyoje!

Hapo sheria haikuvunjwa hata kidogo. Ilitiiwa neno kwa neno, na utiifu huo ndio ulioifanya iwe butu. Waswahili husema sheria ni msumeno, hukata mbele na nyuma. Msumeno wa 1994 ulikata vijino vya singe, wala haijulikani ni lini mara ya mwisho raia wa Marekani alipovamiwa kwa singe iliyofungwa kwenye bunduki.

Mauaji nayo hayakukoma. Aprili 20, 1999, wanafunzi wawili wa shule ya upili ya Columbine, jimbo la Colorado, waliwapiga risasi wenzao 12 na mwalimu mmoja wakafa siku hiyo. Miongoni mwa silaha zao ilikuwemo bunduki ya nusu-otomatiki iliyotengenezwa kwa kuzingatia masharti ya sheria mpya. Oktoba 2002, watu 10 waliuawa mmoja mmoja katika jiji la Washington na viunga vyake, kwa bunduki ya Bushmaster ambayo ni ya ukoo ule ule wa AR-15.

Haitakuwa haki, hata hivyo, kudai kwamba marufuku hiyo haikuwa na maana yoyote. Sehemu yake moja ilihusu jambo zito kuliko singe, nayo ni ile iliyokataza kutengenezwa na kuuzwa kwa magazini mpya zinazobeba zaidi ya risasi 10. Magazini kubwa ndiyo humwezesha muuaji kuendelea kufyatua bila kusita, na dakika anayotumia kubadilisha magazini ndiyo dakika ambayo mtu hupata kutoroka au kumkabili.

Mtafiti Christopher Koper, aliyeichunguza sheria hiyo kwa ufadhili wa Wizara ya Haki ya Marekani, alitoa ripoti yake mwaka 2004. Alibainisha kuwa bunduki zilizolengwa zilikuwa zikitumika katika sehemu ndogo tu ya uhalifu wa bunduki hata kabla ya 1994, kati ya asilimia mbili na nane. Magazini kubwa zilihusika katika visa vingi zaidi, lakini akiba iliyokuwa imekwisha kuingia nchini ilikuwa kubwa mno kiasi kwamba makali ya sheria hayakupata muda wa kuonekana.

Septemba 13, 2004, miaka 10 ikatimia. Bunge halikuiongezea uhai, nayo sheria ikafa kimya kimya.

PANDE MBILI, HOJA MOJA

Ajabu ya mjadala huu ni kwamba mahasimu wake wanakubaliana katika jambo la msingi. Watetezi wa haki ya kumiliki bunduki wamekuwa wakisema tangu mwanzo kwamba vitu vilivyokatazwa ni mapambo, na kwamba bunduki ya kuwindia yenye kitako cha mbao hufyatua risasi kama ile nyeusi yenye sura ya kijeshi. Kwa hivyo, wanasema, marufuku haina mantiki.

Wanaotaka sheria kali nao wanakiri kwamba orodha ya vipuri ilikuwa na matundu. Tofauti ni kwamba wao wanatoa hitimisho la kinyume. Iwapo bunduki mbili zinafanya kazi moja, basi zote mbili ziwekewe masharti, badala ya zote mbili kuachwa huru.

Mantiki ya kila upande inasimama. Kinachozitenganisha si ufundi wa bunduki, bali ni swali la kisiasa kuhusu uhuru upi raia awe tayari kuuachilia ili jirani yake awe salama. Orodha ya vipuri iliwawezesha wanasiasa kulikwepa swali hilo. Walipata sheria ya kuonyesha wapigakura wao bila kugusa bunduki ya mwindaji, nayo tasnia ya bunduki ikapata njia ya kuendelea na biashara.

Biashara hiyo ilistawi. Chama cha wafanyabiashara wa bunduki nchini humo kinakadiria kwamba zaidi ya bunduki milioni 20 za ukoo wa AR-15 na AK zimo mikononi mwa raia. Silaha ambayo mwaka 1994 ilionekana ngeni katika maduka mengi sasa ni miongoni mwa zinazonunuliwa sana.

MAJIMBO YAJARIBU TENA

Baada ya 2004, mzigo uliangukia majimbo. Connecticut ilikuwa na sheria yake iliyofuata mfano wa ile ya taifa, yenye kipimo cha vitu viwili. Chini ya sheria hiyo, bunduki ya Bushmaster isiyokuwa na kijino cha singe wala kitako cha kusogezwa iliuzwa kihalali.

Ni bunduki ya namna hiyo iliyotumiwa Desemba 14, 2012, katika shule ya msingi ya Sandy Hook mjini Newtown. Watoto 20 na watu wazima sita waliuawa. Mtu yeyote aliyewahi kushuku kwamba suala la vipuri ni mchezo wa maneno wa mawakili alipata jibu lenye uchungu siku hiyo.

Miezi minne baadaye, Aprili 17, 2013, Seneti ilipiga kura kuhusu pendekezo jipya la Feinstein na kulikataa kwa kura 60 dhidi ya 40. Connecticut na New York, hata hivyo, ziliimarisha sheria zao mwaka huo, zikapunguza kipimo kutoka vitu viwili hadi kimoja. Katika majimbo hayo, mshikio wa bastola peke yake ukatosha kuifanya bunduki kuwa haramu.

Viwanda vilijibu kama vilivyozoea. Vilibuni vitako vya ajabu ajabu ambavyo humfanya mtumiaji aishike bunduki bila mshikio unaojitokeza chini. Sura ikawa ya kuchekesha, nao mtambo ukabaki ulivyokuwa.

California nayo ilipitia mkasa wake. Ilikuwa imekwisha kukaza kipimo chake tangu mwaka 2000, lakini kililenga bunduki zenye magazini inayochomoka bila kutumia zana. Kanuni za jimbo hilo zilisema kwamba hata risasi yaweza kuhesabiwa kuwa zana. Punde si punde madukani kukawa na kitufe kidogo kilichobonyezwa kwa ncha ya risasi, na magazini ikachomoka kwa sekunde moja.

Desemba 2, 2015, watu 14 waliuawa mjini San Bernardino kwa bunduki zilizonunuliwa katika jimbo hilo zikiwa na kufuli la namna hiyo, kisha zikageuzwa kinyume cha sheria. Mwaka uliofuata jimbo lilipitisha sheria ya kuziba tundu hilo. Usipoziba ufa, walisema wahenga, utajenga ukuta. California imekuwa ikijenga ukuta tangu 1989.

WALIOULIZA SWALI JINGINE

Nje ya Marekani, yapo mataifa yaliyoanzia mahali pengine. Uingereza ilishtushwa na mauaji ya watu 16 mjini Hungerford mnamo Agosti 19, 1987. Sheria iliyopitishwa mwaka uliofuata haikuorodhesha vijino wala vishikio. Ilikataza raia kumiliki bunduki ndefu zenye mtutu wa mifuo zinazojipakia zenyewe, isipokuwa zile ndogo za risasi za .22.

Australia ilifuata njia hiyo mwaka 1996, baada ya watu 35 kuuawa Port Arthur, katika kisiwa cha Tasmania. Waziri Mkuu John Howard, kiongozi wa mrengo wa kihafidhina aliyekuwa madarakani kwa wiki chache tu, aliwashawishi viongozi wa majimbo yote wakubaliane mnamo Mei 10 mwaka huo. Bunduki za nusu-otomatiki ziliondolewa mikononi mwa raia wa kawaida, nayo serikali ikanunua na kuharibu takriban bunduki 650,000.

New Zealand ndiyo yenye funzo kubwa zaidi, kwa kuwa ilijaribu njia zote mbili. Novemba 1990 watu 13 waliuawa katika kijiji cha Aramoana. Sheria ya mwaka 1992 iliyofuata iliunda kundi maalum la bunduki "za mtindo wa kijeshi". Bunduki iliingizwa katika kundi hilo kwa vigezo kama kitako kinachokunjika, kijino cha singe, mshikio wa bastola, kizuia mwako na magazini ya zaidi ya risasi saba.

Isiyokuwa na vitu hivyo iliuzwa kwa yeyote mwenye leseni ya kawaida. Magazini kubwa nazo ziliuzwa bila leseni. Muuaji aliyeshambulia misikiti miwili mjini Christchurch mnamo Machi 15, 2019, alipitia mlango huo. Alikuwa na leseni ya kawaida, akanunua bunduki zilizoruhusiwa, akapachika magazini kubwa. Waumini 51 walipoteza maisha, wakiwemo waliokuwa wametoka mataifa ya mbali kutafuta amani, baadhi yao wakimbizi kutoka Somalia.

Haikupita hata mwezi mmoja kabla ya Bunge la New Zealand kupiga kura 119 dhidi ya moja na kuzipiga marufuku nyingi za bunduki za nusu-otomatiki, pamoja na magazini na vipuri vya kuzigeuza. Miaka 27 ya kuhesabu vipuri ilifutwa kwa juma moja la kazi bungeni.

MAHAKAMA NA MAANA YA MANENO

Je, kupima bunduki kwa kazi yake ndiko tiba kamili? La hasha. Marekani yenyewe imekuwa na sheria ya namna hiyo tangu 1934 kuhusu bunduki za rashasha. Sheria hiyo husema kwamba rashasha ni ile inayotoa zaidi ya risasi moja, yenyewe, kwa tendo moja la kifyatulio. Mwaka 1986 raia walikatazwa kununua rashasha mpya kabisa.

Ukuta huo ulisimama kwa miongo mingi. Kisha kukabuniwa kitako kinachotumia msukumo wa bunduki yenyewe kukigongesha kifyatulio kwenye kidole mara kwa mara, hata bunduki ya nusu-otomatiki ikavuma kama rashasha. Vitako hivyo vilitumiwa mjini Las Vegas mnamo Oktoba 1, 2017, katika shambulio lililoua watu 60, wakiwemo wawili waliofariki baadaye kutokana na majeraha yao.

Serikali ya Rais Donald Trump ilivipiga marufuku kwa kanuni iliyoanza kutumika mwaka 2019. Juni 14, 2024, Mahakama ya Juu iliitengua kanuni hiyo kwa kura sita dhidi ya tatu. Majaji wengi walisema kifyatulio hujirudia kila risasi inapotoka, na kwa hivyo tendo si moja. Watatu waliopinga walisema mtu hubana mara moja tu na kushikilia, na kwamba kinachotoka ni mvua ya risasi.

Mahakama hiyo haijaegemea upande mmoja katika kila kesi. Machi 26, 2025, iliidhinisha kanuni ya kudhibiti vifurushi vya vipuri ambavyo mnunuzi huviunganisha nyumbani na kupata bunduki isiyokuwa na nambari. Suala lilikuwa lile lile: vipuri huanza lini kuwa bunduki? Juni 2 mwaka huo, ilikataa kusikiliza rufaa iliyopinga marufuku ya jimbo la Maryland dhidi ya bunduki za AR-15, na hivyo kuiacha sheria hiyo isimame kwa wakati huo.

Juu ya yote hayo kumetanda kivuli cha hukumu za mwaka 2008 na 2022, ambazo zilithibitisha kuwa Katiba ya Marekani humpa mtu binafsi haki ya kumiliki na kubeba silaha. Julai 29, 2022, miezi miwili baada ya watoto 19 na walimu wawili kuuawa mjini Uvalde, Texas, Baraza la Wawakilishi lilipitisha mswada wa marufuku mpya kwa kura 217 dhidi ya 213. Mswada huo ulikwama katika Seneti.

FUNZO KWA AFRIKA MASHARIKI

Mwaka ambao Marekani iliiacha sheria yake ife ndio mwaka ambao eneo hili lilichukua mkondo tofauti. Aprili 21, 2004, mawaziri kutoka mataifa 11 ya Maziwa Makuu na Pembe ya Afrika walikutana Nairobi na kutia saini Itifaki ya Nairobi kuhusu silaha ndogo. Kenya, Tanzania, Uganda, Rwanda, Burundi na Jamhuri ya Kidemokrasia ya Congo ni miongoni mwao.

Itifaki hiyo haihesabu vijino. Inazitaka nchi wanachama zipige marufuku kabisa raia kumiliki bunduki za rashasha na zile za nusu-otomatiki. Aidha, inataka kila silaha ipigwe chapa na iwekwe katika kumbukumbu, ili ikipatikana mahali pasipostahili iweze kufuatiliwa ilikotoka.

Kwa maandishi, basi, eneo hili lilijibu swali ambalo Washington imelikwepa. Ila karatasi haikamati mhalifu. Kaskazini mwa Bonde la Ufa, Karamoja nchini Uganda na mashariki mwa Congo, bunduki inayoua haikununuliwa dukani wala haina leseni. Ilivuka mpaka usiku, au ilitoka katika ghala la serikali, au ilibaki baada ya vita vya nchi jirani.

Novemba 2016, Kenya iliteketeza bunduki haramu 5,250 katika eneo la Ngong. Februari 2023 serikali ililazimika kutuma wanajeshi kuwasaidia polisi katika kaunti sita, zikiwemo Turkana, Pokot Magharibi na Baringo, ili kukabiliana na wezi wa mifugo waliokuwa na silaha za kivita. Moshi wa Ngong haukuwa umemaliza kazi.

Mchungaji wa Kapedo au Kapenguria hajali kama bunduki iliyomlenga ina kilengeo cha pembetatu au imeondolewa. Kwake yeye, swali ni nani aliyeileta, nani anayeuza risasi zake, na kwa nini dola haikufika kabla yake. Hayo ndiyo maswali ambayo sheria ya silaha, iwe ya Nairobi au ya Washington, hupimwa kwayo.

Somo la Marekani kwa hivyo si la kuchekewa kwa mbali. Kila mara Bunge lolote linapoandika sheria ya kudhibiti kitu hatari, iwe ni bunduki, pombe haramu au dawa za sumu shambani, hujitokeza kishawishi cha kuorodhesha sura badala ya madhara. Orodha ni rahisi kuandika, rahisi kusomwa mbele ya kamera, na huwaudhi wachache. Mwenye kiwanda naye huipenda, kwa sababu humwonyesha mahali pa kupitisha tupa.

Sheria inayotazama madhara ni ngumu zaidi. Huwagusa watu waliozoea uhuru fulani, huhitaji fedha za kuwafidia, na huhitaji kiongozi aliye tayari kupoteza kura. Australia na New Zealand zililipa gharama hiyo. Mataifa ya Itifaki ya Nairobi yaliahidi kulipa, na deni lao katika vijiji vya mipakani bado linadaiwa.

Nchini Marekani mjadala utaendelea katika mabunge ya majimbo na mbele ya majaji, wakibishania kitako hiki na kifyatulio kile. Wakati huo mafundi wa viwandani watakuwa wanasoma kila ibara kwa makini, wakitafuta kipuri gani kiondolewe ili bunduki ile ile irudi dukani. Huwezi kuwalaumu kwa kusoma. Wa kulaumiwa ni anayeandika sheria akijua fika kwamba itasomwa hivyo.